Ngozi Iliyokwanguliwa

Bidzina hulala na ufunguo ndani ya soksi.
Mnara wa ukoo wake una ghorofa nne
na madirisha yasiyopitisha hata kichwa cha paka.
Ng'ombe chini, nyasi kavu juu yao,
na juu kabisa, katika sanduku la msonobari,
kitabu ambacho Svaneti nzima hukiita Kile.

Nimetumwa kutoka Tbilisi nikishone.
Nina sindano, gundi ya kibofu cha samaki,
barua yenye muhuri, na mafua.

Kurasa tisini na moja za ngozi ya ndama.
Wino wa chuma umeila ngozi
hadi mistari mingine imebaki matundu
yenye umbo la maneno.
Ukurasa wa kwanza hautaji aliyekiandika.
Unaanza tu, kama mtu aliyekatizwa:

    Usiombe, usiape, usipige na ramli;
    Kwangua neno, ulipe, uliandike la pili;
    Ulimwengu usiupe ila chako cha asili;
    Kisha lala, usikwepe: hukumbuki la awali.

"Mwaka ule," asema Bidzina, akikata mkate wa nyama,
"theluji iliporomoka toka kileleni. Ilikuja huku.
Niliisikia. Nilikuwa na watoto watatu na kisu cha kukwangulia.
Nikafuta 'huku', nikaandika 'kule'."

Nikamwuliza kule kulikuwa na nani.

"Hapakuwa na mtu," akasema. Akatafuna.
"Hapajawahi kuwa na mtu."

Kesho yake nikapanda kule kupunga hewa.
Meko kumi na moja, niliyahesabu, mawe bado meusi.
Na mitufaha, saba, katika mstari ulionyooka.
Mitufaha haijipangi.

Tuliambiwa maji yakimwagika hayazoleki.
Kitabu hiki chabisha: huzoleka,
ila lazima chungu cha mtu mwingine kikauke.

Usiku wa nne niliwasha taa ya urujuani,
ile inayoinua wino uliofutwa
kama michubuko siku ya pili.
Karibu kila ukurasa una maiti ya neno.
Mguu. Mchumba. Mvua ya siku ya soko.
Mtu mmoja, karne nyingi nyuma,
alitoa ladha ya chumvi mdomoni mwake
ili mbuzi wake apone.
Mbuzi!
Nilicheka peke yangu, na mnara ukanirudishia kicheko.

Kisha ukurasa wa themanini na tatu.
Herufi zinainamia kushoto,
na ya mwisho ina mkia mrefu kupita adabu.
Mwalimu wa darasa la pili alinichapa
kwa sababu ya mkia huo.

Ndiyo maana Bidzina, siku ile nilipofika,
hakuniuliza njia niliipataje.

Juu nimeandika "amepona".
Chini yake, kilichokwanguliwa ni kirefu,
na kisu kilizama mno; hata taa haikioni.
Nikageuza mkono wangu wa kushoto.
Ncha za vidole vinne zina sugu,
ngumu kama maharage ya mwaka jana,
sugu za mtu aliyebonyeza nyuzi miaka ishirini.
Sijawahi kushika ala yoyote.
Watu wakipiga panduri harusini
mimi hutoka nje; nasikia kelele tu.

Simu ikaita. Mama.
Kila usiku saa tatu hupiga
kuuliza kama nimekula.
Nimekula, mama.
Soksi nzito umevaa?
Nimevaa.
Akakohoa kidogo, kikohozi cha uzee usio na ugonjwa,
akanisimulia bei ya jibini kwa dakika kumi na saba.
Nilisikiliza yote, hata senti.

Kisha nikazima taa ile, nikawasha ya kawaida,
nikatunga uzi
na kuliziba tundu la ukurasa wa themanini na tatu
kwa mishono midogo, kama nilivyoagizwa,
huku vidole vya kushoto vikigonga ukingo wa meza,
vikipanda, vikishuka,
vikirudia mahali palepale na kukosea,
nami nikiviacha.